Mtu wa sauti anapoitwa mbele ya kamera

Timu za filamu huku Mbeya na Iringa mara nyingi ni ndogo, kwa hiyo mtu wa sauti asishangae kuambiwa, "Hebu njoo ucheze konda." Kubali. Ukivaa maiki kifuani mwenyewe ndipo utaelewa kwa nini mwigizaji anameza mwisho wa sentensi. Ila sauti ya tukio hilo bado ni kazi yako, na wengi huisahau wakishavaa nguo za kuigizia.

Panga kila kitu mapema. Rekoda iwe 48 kHz, biti 24. Jaribu kwa maneno yenyewe ya skripti, kwa nguvu ile ile utakayotumia, kilele cha sauti kikigusa desibeli -12 hivi. Kama rekoda ina njia ya akiba, yaani inayorekodi sauti ile ile kwa kiwango cha chini, ishushe desibeli 10 zaidi, maana konda hanong'oni. Bumu, ile fimbo ndefu yenye maiki, mkabidhi mtu mmoja mwenye hedifoni, si wa kupokezana. Maiki ikae sentimita 50 hivi kutoka kinywani, juu kidogo ya fremu, ielekee kifuani. Mshika bumu asipoigeuza kwa anayejibu, jibu litasikika kama limetoka chumba cha pili, na ukiliongeza wakati wa kuhariri unaongeza na mwangwi wake.

Maiki ya kubana kwenye nguo iweke shibiri moja chini ya kidevu. Piga kitanzi kidogo cha waya chini yake, ukibandike kwa plasta, waya ukivutwa usiitikise. Kitenge kipya ni adui mkubwa: kina wanga, kinachakacha kila unapogeuka, na mchakacho ukishakaa juu ya neno hautoki. Kifuliwe kabla ya siku ya kushuti.

Huku kwetu kuna mengine. Upepo wa Makambako hauzuiliwi na sponji. Vika maiki koti la manyoya na ukate masafa yaliyo chini ya 80 Hz. Kwenye nyumba ya bati, jua likijificha bati linapoa na kulia ta! ta! katikati ya mazungumzo, basi subirini litulie. Mvua ikianza Novemba, matukio ya ndani yapigwe asubuhi, kabla haijaanza kugonga bati. Nyumba iliyo karibu na barabara ya Tunduma ikasikilizwe saa ile ile ya kushuti, kwa sababu ya malori.

Baridi ya Juni na Julai humaliza betri za alkalini upesi. Za lithiamu zinavumilia. Ukitoka nje kwenye baridi na kuingia chumba chenye jiko la mkaa, unyevu hutanda ndani ya maiki na sauti huanza kukwaruza. Iache kwenye begi lililofungwa nusu saa ipate joto polepole.

Tukio likiisha, kabla hujavua nguo, rudia maneno yako yote bila kamera, urekodi sauti tu. Kisha kila mtu anyamaze, urekodi sekunde 60 za ukimya wa chumba, za kuzibia mapengo wakati wa kuhariri.