Umekuja hapa kama nani?

Nimetoka kortini Kisumu saa hii, niko steji nangoja matatu.

Sisi wachuuzi tunapinga kandarasi ya kukarabati soko letu. Wakili wa upande ule akasimama: hawa hawakuomba zabuni, wamekuja hapa kama nani?

Kwa ile bodi ya malalamiko ya zabuni, sawa, huko huendi kama hukuomba. Lakini hii ni korti jamani!

Mama mmoja wa samaki, wala hakuulizwa, akachomoa Katiba ya 2010 kikapuni. Kifungu cha 258, kile cha haki ya kwenda kortini Katiba ikivunjwa, amekikunja pembe. Gamba la ngege limekaukia papo hapo ukurasani.

"Kila mtu," akaninong'oneza, kidole juu ya neno. "Kila mtu."

Uamuzi bado.

Nyinyi mngemjibuje yule wakili?