Usita wa Vioo

Mwezi wa Februari mwaka 2012 shangazi yangu alipitia Paris akitoka Brussels, alikokuwa amekwenda kumlea binti yake aliyejifungua mtoto wa kwanza, akakaa nami siku nne katika chumba changu cha mwanafunzi chenye kitanda kimoja na dirisha lililotazama ukuta wa jirani. Yeye alizaliwa Lamu akaolewa Mombasa, na huko Mombasa alikuwa ameuza leso, yaani kanga, Biashara Street kwa zaidi ya miaka thelathini. Mimi niliyelelewa hatua chache kutoka dukani kwake nilimjua kuwa ni mtu asiyetembea bure: akienda mahali, hata msibani, hurudi na habari za bei. Siku ya kwanza nilimpeleka kwenye mnara wa Eiffel. Aliutazama, akauliza ulijengwa kwa kazi gani, nami nilipomwambia kwamba ulijengwa kwa ajili ya maonyesho ya mwaka 1889, akasema, "Haya, tumeuona," akageuka kutafuta pa kukaa.

Usiku huo, nikiwa nimelala sakafuni, nilikumbuka tangazo la matembezi ya miguu katika njia za kale za maduka zilizoezekwa vioo, zile ambazo kila moja huitwa "passage" au "galerie". Nilidhani nazijua vizuri. Kila jioni nilikatiza ndani ya Passage des Panoramas nikienda kuosha vyombo katika mkahawa mmoja ng'ambo ya pili, kwa kuwa ukiingilia rue Saint-Marc unatokea boulevard Montmartre bila kulowa. Katika miaka mitatu ya kupita mle sikuwahi kuinua kichwa nikaangalia juu. Asubuhi nikanunua tiketi mbili.

Tulikutana na kundi mlangoni mwa Galerie Vivienne, watu kumi na wawili pamoja nasi, na kiongozi wetu alikuwa mwanamama wa makamo aliyesema Kifaransa cha kasi kisichongoja mkalimani. Nilisimama ubavuni pa shangazi nikimnong'oneza, na neno la kwanza tu likanishinda. Nilianza na "ushoroba", nikaona linafanana mno na hospitali; nikasema "kichochoro", shangazi akatazama sakafu ile inayong'aa, kisha akanitazama mimi.

"Kichochoro ni cha paka na taka, baba. Sema usita."

Usita ndilo neno la kwao Lamu kwa njia ipitayo kati ya nyumba, na njia kuu ya mji ule wazee huiita Usita wa Mui. Akaendelea, kana kwamba yeye ndiye aliyelipwa kutuongoza, kwamba huko kwao nyumba mbili zinazotazamana huweza kuunganishwa kwa chumba kinachovuka juu ya njia, kiitwacho wikio, na mvua ikinyesha wapita njia wote hujibana chini yake, wanaojuana na wasiojuana. "Hawa wamefanya wikio refu, basi, tena la vioo." Kuanzia hapo sikuhangaika tena na neno.

Kiongozi alieleza kwamba Galerie Vivienne ilijengwa mwaka 1823 kwa amri ya Marchoux, aliyekuwa mkuu wa chama cha manotari wa Paris, na ikafunguliwa rasmi mwaka 1826. Shangazi alikuwa ameinama anaipapasa sakafu kwa kiganja. Ni sakafu ya vijiwe vidogo vya rangi vilivyopangwa mmoja mmoja, kazi ya fundi Mwitaliano aliyeitwa Facchina, yenye mapambo ya duara na nyota na ukingo unaozunguka kama pindo la leso. Na hilo la pindo si langu, ni lake, kwani alilifuata kwa kidole mpaka kona kuona kama fundi alikosea mahali pa kukutana. Hakukosea. Juu ya matao palichongwa nanga, mashada na ile fimbo yenye nyoka wawili ambayo ni alama ya mungu wa biashara wa Warumi. Nilipomtafsiria hilo la nyoka, alisema kwamba mtu akiweka nyoka mlangoni mwa duka Mombasa atakaa na mali yake mpaka ioze.

Jambo lililomchangamsha kweli lilikuwa la jirani. Karibu na Galerie Vivienne, ukuta kwa ukuta, ipo Galerie Colbert, iliyojengwa mwaka 1826 ili kushindana nayo na kuwavuta wateja wake, ikapambwa kwa kuba kubwa la vioo. Leo haina maduka. Ni mali ya Maktaba ya Taifa, na imekaliwa na taasisi za historia ya sanaa. Shangazi alisikiliza kwa makini yote niliyotafsiri kisha akauliza swali moja, ni nani kati yao aliyefungua kwanza. Nilipomjibu, akatikisa kichwa kwa kuridhika, maana yeye mwenyewe ana jirani aliyefungua duka la leso ubavuni pake mwaka mmoja baada yake, na kesi hiyo, ingawa haikuwahi kufika mahakamani, haijamalizika hadi leo.

Chini ya kuba hilo kiongozi aliuliza kundi: kwa nini waliezeka kwa vioo? Mmoja akataja uzuri, mwingine akasema vioo vilikuwa fasheni ya wakati ule. Shangazi alitaka kujua wanaulizana nini. Nilipomwambia, alijibu kwa sauti iliyowafanya wote wageuke: "Ni kwa ajili ya mali. Rangi haiuziki gizani. Mteja akitaka kununua leso huitoa nje mlangoni aione juani. Hapa jua limeletwa dukani. Na mvua ndiyo dalali wao: mtu akishaingia kujikinga, mikono yake iko bure, macho yake yako bure, atafanya nini?" Niliyatafsiri kwa haya, nikiyafupisha. Kiongozi alinyamaza kidogo, akaniomba niseme tena lile la dalali, kisha akauliza mama huyu anauza nini.

Maelezo yake mwenyewe hayakuwa mbali na hayo. Mwanzoni mwa karne ya 19 mitaa ya Paris haikuwa na njia za pembeni za waendao kwa miguu, isipokuwa michache. Tope na maji machafu vilipita katikati ya barabara, na magari ya farasi yaliwarushia wapita njia uchafu huo. Mapinduzi ya Ufaransa yalikuwa yamefanya mashamba na majumba mengi ya kanisa na ya makabaila yauzwe, hivyo wenye fedha wakapata viwanja vikubwa katikati ya mji. Waliokata njia ndani yake, wakapanga maduka pande mbili na kuziba juu kwa vioo, walimpa mwenye viatu safi mahali pa kutembea bila kuvichafua, nao wakakusanya kodi ya pango kwa kila mlango.

Kutoka hapo tulipanda rue Vivienne, tukalipita jengo la soko la hisa la zamani, hadi Passage des Panoramas, usita wangu wa kila jioni, na hapo ndipo nilipoaibika mara mbili. Kwanza ni jina lenyewe. Nilimwambia shangazi kwamba panaitwa hivyo kwa sababu palikuwa na sinema mbili mlangoni. "Sinema, mwaka gani?" akauliza. Nikasema 1799. Hakunijibu, alinitazama tu mpaka nikarudi kusikiliza upya. Zilikuwa nyumba mbili za duara za Mmarekani aitwaye James Thayer, ambamo ukuta wote wa ndani ulizungushiwa picha moja kubwa mno ya kuchorwa, na mtazamaji alisimama katikati akajiona yuko katika mji mwingine. Nyumba hizo zilibomolewa mwaka 1831, jina likabaki. Mle mle, mwaka 1817, taa za gesi ziliwashwa kwa mara ya kwanza katika njia ya watu wote ya Paris, na kwa maduka hiyo ilikuwa na maana kwamba jioni ya kipupwe haikuwa tena saa ya kufunga.

Aibu ya pili ilikuwa kubwa zaidi. Mwaka 1834 mwenye mahali pale aliongeza vijia vya pembeni, Feydeau, Variétés, Saint-Marc na Montmartre, na mimi katika miaka yangu mitatu nilikuwa nimenyoosha katikati tu. Passage des Panoramas ina wauza stempu wengi. Kundi lilipopinda kufuata mojawapo ya vijia hivyo, shangazi alisimama kwenye dirisha dogo la mmoja wao, akaninyooshea kidole. Ndani ya kifuko cha plastiki palikuwa na stempu ya Kifaransa, si kubwa kuliko ukucha wa dole gumba, yenye watu wawili wamesimama pande mbili za tufe la dunia, na juu yake limepigwa chapa neno Zanzibar pamoja na thamani iliyoandikwa kwa anna, sarafu ndogo ya rupia. Ufaransa ilikuwa na ofisi yake ya posta Unguja mwishoni mwa karne ya 19, na barua zilizotoka huko zilibandikwa stempu za Ufaransa zilizogeuzwa bei ziendane na fedha ya pwani. Shangazi hakujua habari za ofisi hiyo, ila anna aliijua. Bibi yake alihesabu leso kwa rupia na anna hadi alipofariki, na wajukuu walikuwa wakimcheka. Alisoma neno lile herufi kwa herufi, akavua miwani, akaipangusa kwa ncha ya mtandio, akasoma tena.

Tulipoinua macho, kundi halikuwapo. Tulizunguka katika vijia vile kama mbuzi waliokatika kamba. Mara mbili tulitokea kwenye dirisha lile lile la stempu, na mara moja kwenye mlango wa nyuma wa mkahawa ambapo mpishi mmoja alinisalimu kwa jina, jambo ambalo halikunisaidia kitu. "Si ulisema unapita hapa kila siku?" shangazi akauliza kwa upole. Nikasema ndiyo. "Basi ulikuwa unapitwa," akasema.

Tuliwakuta ng'ambo ya boulevard, ndani ya Passage Jouffroy, kwenye ngazi fupi karibu na Hôtel Chopin ambapo njia inakunja kona. Hii ni ya mwaka 1847, na ndiyo ya kwanza mjini kujengwa kwa chuma na vioo tu, ikawekewa na joto lililopitishwa chini ya sakafu. Kiongozi alikuwa akieleza jinsi zilivyotoweka nyingine: katikati ya karne ya 19 zilikuwapo takriban 150, leo zimesalia kama 20 hivi. Barabara pana alizozikata Haussmann, mtawala aliyeujenga upya mji huo, zilizifagia nyingi, na maduka makubwa ya ghorofa yakawachukua wateja. Passage de l'Opéra ilibomolewa mwaka 1925 ili boulevard inayobeba jina la Haussmann imalizwe. Nilimtafsiria shangazi sehemu tu, kwa sababu alikuwa ameganda mbele ya duka la bakora za kale zenye vichwa vya fedha na pembe. Alichagua moja kwa macho, nyeusi, yenye kichwa cha ndege, akasema marehemu mume wake angeishika hiyo katika goma la Maulidi, ngoma ya wanaume ya bakora, na wanaume wengine wangerudi nyumbani kubadilisha zao. Hakuuliza bei. Sijawahi kumwona tena akitazama kitu dukani bila kuuliza bei.

Matembezi yaliishia Passage Verdeau, penye vitabu na kamera za zamani, napo hatukukaa. Kiongozi alimshika shangazi mkono kwa mikono yote miwili, nami nikatafsiri shukrani za pande zote.

Kwa kuwa ilikuwa bado mapema, nilimchukua mashariki hadi Passage Brady, ambayo haikuwa katika tiketi yetu. Ni ya mwaka 1828, na boulevard de Strasbourg iliikata vipande viwili. Kipande kilichobaki na vioo kina mikahawa na maduka ya viungo ya watu wenye asili ya India, Pakistan na Mauritius. Kabla hatujafika mlangoni shangazi alikwisha sema "bizari". Ndani alijaribu Kikachi alichofunzwa na wauzaji wa jumla wa Mombasa, mwenye duka hakukielewa. Akahamia Kihindi cha kuokoteza, na kijana wa kwenye mizani akacheka na kumjibu. Walibishana bei ya iliki kwa vidole, akapunguziwa.

Tulipotaka kutoka, mvua ilishuka kwa kishindo juu ya vioo vikuukuu vile hadi tukawa tunasemezana kwa kupaza sauti. Watu waliokuwa nje waliingia wakikung'uta makoti. Kijana wa mkahawa wa jirani akatoa viti viwili, akavifuta, akaviweka karibu na miguu yetu bila kusema neno. Shangazi alimtazama, akanitazama, akacheka hadi akashika ubavu. Kisha akaketi, tukaagiza chai, na saa moja baadaye, mvua ikiwa bado haijakatika, tukaagiza ya tatu.