Nilivyookoa ujamaa wangu baada ya mpingo kupasuka

Mi nachonga vinyago Mwenge, Dar, na kuna kazi moja mwezi uliopita ilinitoa jasho. Mteja kaagiza ujamaa, ile nguzo ya watu waliobebana, akataka watu 9 kwa sababu kwao wako 9. Gogo nikapata la kutoka Lindi, zito balaa (mpingo ukiutia kwenye maji unazama kama jiwe), kwa nje zima kabisa.

Mi sichoragi kwanza. Naligeuza gogo hata siku nzima, naangalia fundo liko wapi, limepinda wapi, maana bibi wa chini lazima akae palipo panene. Afu tezo, natoa ule weupe wa nje mpaka nikutane na moyo mweusi, naweka alama za vichwa kwa chaki, ndo patasi inaanza. Na unachonga ukiwa bado mbichi, ukikauka sana utakuwa unanoa patasi kutwa nzima.

Sasa siku ya nne nikaondoka nikaliacha nje bila kulifunika, jua la saa nane likalipiga. Jioni nakuta ufa umeanzia kichwani kwa mtoto wa juu umeshuka mpaka begani kwa baba, kucha inaingia. Niliumia nyie. Jirani ananiambia "dogo, vumbi la mpingo na supagluu, piga msasa, kiwi nyeusi, nani ataona?" Kweli hauonekani, ila kinyago kikifika nchi za baridi wanawasha hita ufa unafunguka upya, mi nilishawahi kutumiwa picha ya hivyo wasapu, aibu tupu.

Nikapaka nta ya mshumaa ncha zote mbili, nikalifukia kwenye gunia la vumbi la mbao siku tatu litulie. Halafu nikaufuata ufa kwa patasi nyembamba, taratibu, nikaufukua mpaka unapoishia, pakawa uwazi kati ya mkono wa baba na ubavu wake. Yule mtoto ndo akaenda hivyo. Baada ya hapo ni tupa, msasa mpaka ule laini kabisa, kiwi na brashi ya viatu.

Mteja kaja, anazungusha, anahesabu kwa kidole. "Fundi, mbona 8?"

Nikamwonyesha tumbo la mama, nililiacha nene makusudi. "Wa tisa yuko njiani."

Alicheka sana, ila elfu 30 alikata.