Siku moja maishani mwangu: kiongozi wa njia, Lushoto hadi Rangwi kwa miguu

Saa 11 alfajiri. Lushoto, katika milima ya Usambara, iko kama mita 1,400 juu ya usawa wa bahari, na mwezi wa Julai mgeni aliyetoka Tanga mjini na fulana moja huijua baridi saa hii. Kabla ya chai napima mabegi. Begi lisizidi robo ya uzito wa mbebaji, na kwa njia hii kilo 10 zinatosha kabisa kwa sababu chakula kinapatikana vijijini. Maji na chakula vikae karibu na mgongo, usawa wa chini ya mabega. Vikikaa nje, begi linakuvuta nyuma kila unapopanda. Mkanda wa kiunoni ukazwe kwanza, juu ya mifupa ya nyonga, ndipo zifuate kamba za mabegani. Wengi huanzia mabegani, na shingo ndiyo inayolipa.

Nguo za kubadilisha zifungwe zisilowe. Zamani rambo ilitosha, lakini tangu Juni 2019 mifuko ile ni marufuku, kwa hiyo tunatumia nailoni ya ndani ya gunia la sukari. Ni ngumu kuliko rambo, haichaniki kwa miiba. Suruali ya jinzi naikataa: ikilowa ni nzito, na haikauki hadi kesho.

Saa 12:30 asubuhi. Chai, chapati, mayai. Kila mtu lita 3 za maji.

Saa 1:30. Tunaondoka. Msitu wa Magamba ni hifadhi ya mazingira asilia chini ya TFS, Wakala wa Huduma za Misitu Tanzania, na kibali chake hulipiwa kabla ya kuingia. Tulilipa jana, maana mtandao ukigoma asubuhi, saa nzuri za kutembea zinaishia getini.

Saa 2 hadi saa 4. Kupanda. Hesabu yangu ni kilomita 4 kwa saa penye tambarare, kisha nusu saa ya ziada kwa kila mita 300 za kupanda. Mwendo uwe wa kuweza kuongea. Anayeshindwa kumaliza sentensi apunguze. Wageni huuliza sana juu ya ugonjwa wa kimo, ule wa kupanda mahali palipo juu sana. Usambara yote haifiki mita 2,400, na ugonjwa ule kwa kawaida huanzia juu ya 2,500. Kinachowaangusha watu hapa ni utelezi, kulowa na kupotea.

Saa 4:30. Ndani ya msitu. Ukungu ukishuka, koti la mvua livaliwe mapema, si baada ya shati kulowa. Matawi yakitikisika juu, simama kimya: huenda ni mbega, na kelele moja inatosha kuwaondoa. Chini nako pakaguliwe. Baada ya mvua siafu hukata njia kwa mistari. Suruali iingie ndani ya soksi, uruke bila kusimama. Anayesimama kupiga picha ndiye anayevua suruali mbele za watu.

Saa 6 mchana. Njia panda, na hapa ndipo kazi ilipo. Njia hizi ni za wenyeji, zinakwenda shambani, kisimani, kwa jirani, na hakuna kibao. Alama za jana si ushahidi, kwa sababu mkata kuni naye ana miguu. Ukikutana na bibi amebeba mzigo, shikamoo kwanza, ya Kisambaa ukiiweza, habari za nyumbani zifuate, ndipo uulize: “Bibi, njia ya Rangwi ni ipi?” Usimwonyeshe njia kwa kidole ukasema, “Hii inakwenda Rangwi?” Utajibiwa ndiyo. Adabu ya kutokumpinga mgeni imewafikisha wengi kwenye shamba la viazi. Na kweli, ukizunguka sana, Rangwi utafika, ila usiku. Uliza tena mbele, kwa mtu mwingine.

Saa 7. Chakula, dakika 30. Miili ikipoa, magoti hugoma.

Saa 8 hadi saa 10. Mteremko. Udongo mwekundu ukilowa hauna huruma; hatua fupi, goti limekunjwa kidogo, fimbo itangulie, kanyaga penye majani pembeni. Kabla ya kushuka, kaza kamba za viatu kwenye kifundo ili vidole visigonge mbele. Kucha nyeusi hutokana na uzembe huo. Mtu akihisi joto mahali pamoja mguuni, tusimame hapo hapo na kubandika plasta. Tukingoja dakika 20, ni lengelenge. Anayetoka jasho jingi na kuumwa kichwa apewe lita moja ya maji yenye vijiko 6 vya chai vya sukari na nusu kijiko cha chumvi, anywe kidogo kidogo.

Saa 10:30 jioni. Rangwi, kwa masista, ambao hulaza wapita njia. Viatu vijazwe gazeti, vikae mbali na moto: joto hulegeza gundi, na soli iliyoachia huku hakuna wa kuishona hadi Lushoto. Gazeti libadilishwe kabla ya kulala.