Jumapili Bila Keki

Juzi usiku nilikuwa naangalia tena "Angst essen Seele auf", filamu ya Kijerumani. Binti yangu akapita kwenda kunywa maji, akasimama nyuma ya kochi. "Baba, mbona wale kina mama wanamshikashika?" Nikamwambia akalale.

Filamu hiyo niliiona mara ya kwanza nilipokuwa naishi Munich, Ujerumani. Nilikuwa nimepanga chumba kwa bibi mmoja mjane, mkali kwa habari ya viatu, mkarimu kwa supu. Aliposikia naenda kuiona, na kwamba ni ya mwongozaji Fassbinder, akakunja uso. Alimkumbuka enzi za uhai wake: koti la ngozi, sharubu, sigara mdomoni. Mtoto aliyezaliwa Mei 1945, vita vimekwisha hata mwezi haujatimia, amekulia amani tupu, halafu kazi yake kuwafukulia watu mambo! Nikamtetea: chuo cha filamu cha Berlin kilimkataa, na bado alipofariki 1982, akiwa na miaka 37, alikuwa ameacha filamu zaidi ya 40.

"Ndiyo maana akafa," bibi akasema. Kisha akachukua koti lake, tukaondoka wote.

Taa za ukumbi zilipozimwa alinishika mkono, maana giza lilimsumbua, na hakuuachia. Filamu yenyewe ni ya Emmi, mjane mfagiaji anayeolewa na Ali, kibarua wa Kimorocco aliye mdogo kwake kwa umri, tena kwa mbali. Mtoto wa Emmi anapoipiga teke televisheni kwa hasira ya ndoa hiyo, bibi alisonya. Fassbinder mwenyewe alipotokea, kacheza mkwe mvivu asiye na adabu, akacheka kwa sauti. Nikajua amenogewa.

Ndipo ikafika ile sehemu. Majirani na watoto wameshalainika, kila mmoja ana shida yake kwa Emmi. Wafagiaji wenzake wanamtembelea nyumbani. Emmi anamwita Ali, anamsifia misuli, nao wanamzunguka, wanamminya mikono, wanastaajabia ngozi yake. Ali amesimama tu kama ng'ombe mnadani.

Vidole vya bibi vikaanza kulegea kwenye mkono wangu. Kimoja, halafu kingine. Sikugeuka kumtazama, naye hakunitazama. Pale nyumbani kwake kila Jumapili rafiki zake walikuja kunywa kahawa, naye huniita niwasalimie, niiname wanipapase nywele. "Mnaona zilivyo?" Nami nacheka, napewa kipande cha keki ya tufaha, narudi chumbani. Sikuwahi kuona ubaya. Au niliuona nikaumeza pamoja na keki, sijui. Mkono wake ukaondoka kabisa, nikasikia mkoba ukifunguliwa na kufungwa, ukifunguliwa na kufungwa, na hakuna alichotoa.

Yaliyobaki niliyaona nusunusu: Ali anaanguka, vidonda vya tumbo, daktari anasema wafanyakazi wageni wengi wanaugua hivyo.

Kwenye treni aliniuliza filamu ile ilichukua muda gani kutengenezwa. Nikamwambia kama wiki mbili hivi.

"Inaonekana," akajibu. Kama ni sifa au lawama, hakusema.

Jumapili iliyofuata wageni walikuja kama kawaida. Nilisikia vijiko, nilisikia vicheko, sikuitwa. Hata Jumapili zilizofuata sikuitwa. Kama alikuwa ananiheshimu au amenisusia, mpaka leo sijapata jibu, na kumuuliza nilishindwa. Ila ile keki, nisiwadanganye, niliitamani.