Tbilisi: Majengo Yaliyojengwa Mteremkoni

Nilikwenda Tbilisi, mji mkuu wa Georgia, kwa ajili ya jengo moja tu, lile lililokuwa Wizara ya Ujenzi wa Barabara zama za Umoja wa Kisovyeti na ambalo leo ni makao makuu ya Benki ya Georgia. Barabara itokayo mjini hufuata mto Mtkvari, na jengo hilo hujitokeza ghafla juu ya mteremko: masanduku marefu ya zege yamelazwa, moja limepita juu ya jingine kwa kukingamana, na chini yake kuna uwazi na miti.

Lilikamilika mwaka 1975. George Chakhava, aliyelibuni pamoja na Zurab Jalaghania, alikuwa pia naibu waziri katika wizara hiyohiyo, kwa hiyo aliyeagiza jengo ndiye aliyelichora. Naamini cheo hicho ndicho kilichomwezesha kuchagua kiwanja ambacho wengi wangekikataa kwa ukali wa mteremko wake. Badala ya kuukata mlima ili apate uwanda, alisimamisha minara michache ya ngazi na lifti, mrefu kuliko yote ukiwa na ghorofa 18, kisha akaibebesha masanduku matano yenye ghorofa mbilimbili. Mfano wake ulikuwa msitu: mashina machache hushika ardhi, matawi hutandaa juu, na chini hubaki nafasi ya viumbe wengine kuishi. Wazo la ghorofa refu lililolazwa hewani lilikwisha kuchorwa na El Lissitzky, msanii na msanifu wa Kirusi, kwa ajili ya Moscow katika miaka ya 1920, lakini halikujengwa. Kusimama chini ya zege hili na kuona kwamba jambo hilo linawezekana kulinigusa sana.

Benki ililinunua mwaka 2007, na mwaka huohuo likapewa ulinzi wa kisheria kama urithi wa taifa. Baadaye lilikarabatiwa, na naona ni heri lilipata mwenyewe mwenye uwezo.

Mimi nimekulia Unguja, ambako majengo ya Michenzani, yaliyojengwa baada ya Mapinduzi katika mpango uliosaidiwa na Ujerumani Mashariki, yalinifanya nidhani kwamba usanifu wa nchi za kikomunisti ni safu ndefu zilizonyooka, kila ghorofa sawa na lenzake. Katika ardhi tambarare ya Ng'ambo, upande wa mji iliko Michenzani, mpango huo uliwezekana. Tbilisi imejaa vilima, na vilima ndivyo vilivyowalazimisha wasanifu wake kufikiri upya, hata katika nyumba za watu wa kawaida.

Nililiona hilo waziwazi katika mtaa wa Nutsubidze, ambako maghorofa matatu ya makazi ya miaka ya 1970 yamepangwa kuupanda mlima na kuunganishwa kwa madaraja ya chuma yaliyoning'inia hewani. Ndani ya lifti, kisanduku cha chuma kimefungwa ukutani, na vitufe havifanyi kazi mpaka utumbukize sarafu. Mama mmoja aliyebeba mifuko miwili ya mboga alitumbukiza yake, akabonyeza ghorofa ya 14, kisha akanionyesha kwa mkono nimfuate. Tulitoka, tukavuka daraja, nguo za watu zikiwa zimeanikwa kwenye vibaraza vya pande zote mbili, tukaingia jengo la pili, na yeye akaendelea na safari yake kuelekea barabara ya juu bila kupanda hata ngazi moja ya mlimani. Hapo nilielewa kwamba lifti hizi ni njia ya mtaa mzima, na kwamba hata asiyeishi humo hupita.

Nilibaki darajani kwa muda mrefu. Rangi imebanduka, kutu imekula vyuma vya kushikia mkono, na katika sehemu kadhaa saruji imemeguka. Uangalizi uliolifikia jengo la benki ungefaa ufike na hapa, kwa sababu madaraja haya bado yanafanya kazi ileile yaliyojengewa: wanafunzi, wazee na wenye mizigo huyapita asubuhi na jioni, na yakifungwa, watu hao watarudi kuupanda mlima kwa miguu.