Pua yangu ilivyorudi kwenye saa

Mimi saa siisomi, nainusa. Nimezaliwa hivyo. Saa kumi na mbili asubuhi ina harufu ya chuma kilicholowa. Saa sita mchana inawasha ulimi kama pilipili. Bibi yangu hakuuita ugonjwa. "Huyu ana pua ya saa," basi.

Tabu ilianza nilipohamia Likoni, dirisha likitazama bahari. Leo naamka sawa, kesho nimechelewa karibu saa nzima, keshokutwa karibu saa mbili, na feri imeshavuka mara kadhaa. Baada ya wiki mbili hivi, niko sawa tena! Nilidhani nimerogwa.

Mzee mmoja mvuvi alinisikiliza huku akishona nyavu, akacheka. "Mwanangu, wewe hunusi saa, wanusa maji yakipwa. Na maji husogea kama dakika 50 kila siku."

Kumbe ni matope na mwani! Nikaziba dirisha la bahari, nikageuza kitanda kuelekea uchochoroni, ambako jirani hukaanga mahamri akishaswali alfajiri. Usiku nilijipaka mafuta ya karafuu chini ya pua ili isahau pwani. Siku tano za mwanzo zilikuwa mbaya, kichwa kikiniuma. Ya sita, iliki ikaniamsha pamoja na chuma changu kilicholowa.

Ramadhani imenivuruga kidogo, maana mahamri hukaangwa jioni. Dada yangu sasa anafukiza udi baada ya daku, nami namnunulia makaa.